Mwenye Gari Amekaa Nje

Vijana wangu wa masjala, siku mliponiaga kwa soda na zile kofia mbili (mpaka leo sijui kwa nini mbili), mliniomba niandike niliyoyaona kwa miaka yote niliyofungua na kufunga majalada. Nimekubali kwa sababu mke wangu amechoka kunisikiliza, na wajukuu bado hawajui jalada ni kitu gani. Vyeo sitavitaja, havikuwa vingi. Mshahara nao mnaujua, ni huo huo mnaoulalamikia. Mahakama pia sitazitaja kwa majina. Nilianzia Masasi, nikapelekwa Newala, nikarudishwa Masasi, nikapanda tena mlima wa Newala, na waliokalia viti vile leo hawahusiki na makosa yetu ya jana.

Siku yangu ya kwanza nilivaa tai. Mzee Kornelio, karani mkuu wa masjala, Mmakua wa Lisekese aliyekuwa ameshapitiwa na mahakimu tisa, aliitazama ile tai kwa muda, kisha akanipa sindano ya kushonea magunia na kidonge cha uzi. Majalada wakati ule yalishonwa. Nilishona wiki nzima, nikajichoma vidole, tai nikaiacha nyumbani siku ya tatu. Jumamosi akanikagua kazi, akayavuta majalada kwa nguvu zake zote, mawili yakafumuka. Akaniambia karatasi ikidondoka kwenye jalada, kuna mtu mahali fulani amepoteza shamba na hajui kwa nini. Nikayashona upya.

Alinifundisha mengine. Karatasi ikifika dirishani, gonga muhuri kwanza, andika tarehe, ndipo usome. "Ukianza kusoma utaona huruma," alisema, "na ukiona huruma utasahau muhuri." Alinifundisha kutomwambia mtu afanye nini na kesi yake, kwa sababu karani si wakili. Alinifundisha pia kwamba ndani ya mahakama karani haongei mpaka aulizwe. Hilo la mwisho nililishika vizuri mno, na ndilo lililonifanya nishike kalamu leo.

Vielelezo vya enzi zile vilikuwa vya kubebeka. Baiskeli, panga, dumu la gongo, gunia la korosho ambalo kila asubuhi lilionekana limekonda kidogo. Chumba cha vielelezo kilikuwa na mlango mmoja na funguo mbili, moja kwangu na moja ilipotea kabla sijaajiriwa. Kisha watu wakaanza kujenga. Masasi ikatanuka, pale Mkomaindo nyumba za tofali zikaota kila kona, Newala nako hivyo hivyo, na wote wakataka mchanga. Ghafla vielelezo vyetu vikawa na matairi. Uani mwa mahakama pakajaa maguta, pikipiki, malori madogo, na mlinzi wetu akahamishia kuku wake kwenye kabini ya lori moja la zamani ambalo mwenyewe alikwisha kufariki na warithi walikuwa bado wanagombana.

Nawaeleza hili taratibu, kwa sababu mwananchi atawauliza dirishani na mtashangaa anavyoshangaa. Mchanga ni madini ya ujenzi. Kuuchimba na kuusafirisha kuna vibali vyake, hata kama umeuzoa kwenye korongo linalopita katikati ya shamba alilokuachia babu yako. Mzee mmoja wa Mnyambe aliniuliza kama na vumbi lililoko miguuni mwake nalo lina kibali. Nilimjibu kwamba miguuni bado, lakini asilipakie kwenye gari. Hakucheka. Alikuwa na haki ya kutocheka, maana mwanawe alikuwa mahabusu.

Sasa gari likikamatwa, watu wengi hudhani limekwisha. Halijaisha. Kwanza kuna hati ya ukamataji, karatasi inayosema nini kimekamatwa, wapi, mbele ya nani. Mwenye mali aiombe nakala na aitunze kama cheti cha ndoa, tena kwa bidii zaidi. Kabla ya mashtaka anaweza kumwandikia mkuu wa kituo akiambatisha kadi ya gari na vibali alivyonavyo. Kesi ikishafika mahakamani, anaomba mahakama imrudishie gari wakati kesi inaendelea, kwa maombi yenye hati ya kiapo, akiahidi kulileta litakapohitajika na kutoliuza wala kulibadilisha. Mahakimu wengi niliowaona hukubali, kwa sababu gari likikaa uani miezi sita hata serikali ikishinda haipati gari, inapata vyuma. Tatizo ni kwamba maombi hayo hayaji yenyewe. Lazima mtu ajue kwamba yapo.

Na ahadi ya kutobadilisha, isomeni kwa sauti mtu aisikie. Tulikuwa na bwana mmoja wa Lisekese, guta lake la matairi matatu lilikamatwa na mchanga, akaomba, akarudishiwa kwa masharti. Alifurahi sana. Siku ya ushahidi alilileta limeng'aa, amelipaka rangi ya kijani kutoka mbele mpaka nyuma na amebadilisha bodi, kwa heshima ya mahakama. Askari aliyelikamata akaulizwa kama analitambua, akalizunguka mara mbili, akasema yeye alikamata la bluu. Bwana yule nusura aongezewe shtaka la kuharibu ushahidi, na alichofanya ni sawa na kuoga kabla ya kwenda kwa wakubwa. Tangu siku ile sikuruhusu chombo kitoke getini bila kupigwa picha pande nne, na picha zikashonwa kwenye jalada.

Nafika sasa kwa Mama Somoe.

Mama Somoe alikuwa mjane wa Mnyambe, umri wetu mmoja, mwenye lori dogo aina ya Kenta ambalo marehemu mumewe alilinunua baada ya misimu kadhaa ya korosho. Mnajua hali ya maji kule juu uwandani. Kiangazi kikikaza, mabomba hukohoa hewa. Lori lile lilikuwa linabeba simtanki mbili, linashuka bondeni alfajiri, linapanda na maji, na nyumba kadhaa za Mnyambe zilipika kwa sababu lilipanda. Yeye mwenyewe aliishi kwa lori hilo, hakuwa na kingine cha maana zaidi ya mikorosho iliyozeeka. Mwaka ule aliamua kujenga kisima cha sementi pembeni ya nyumba cha kuvunia maji ya mvua, kama wafanyavyo watu wengi kule, na akataka kiwe tayari kabla ya mvua za kwanza. Akaenda kwa mwenye machimbo yenye leseni, akanunua mchanga, akapewa stakabadhi yenye namba ya gari, tarehe na muhuri. Akaitia kwenye mkoba wake. Kesho yake akamtuma dereva wake, Bakari, akapakie.

Stakabadhi ikabaki kwenye mkoba. Hilo ndilo kosa lote lililokuwapo katika kesi ile. Bakari alisimamishwa barabarani, akaulizwa kibali, akasema kipo kwa mama, wakamwambia mama hayumo garini. Lori likapelekwa kituoni na mchanga wake. Mama Somoe alifika na karatasi yake siku hiyo hiyo. Wakamwambia hiyo karatasi ataitoa mahakamani.

Basi akaja mahakamani kuitoa.

Ilikuwa Jumatatu, na Jumatatu mnazijua. Alifika mapema, amejitanda kitenge, mkoba uko mapajani. Tukasalimiana, akaniuliza kesi ya gari itaitwa saa ngapi. Nilikuwa na majalada kumi na saba mkononi. Nikamwambia hakuna kesi ya gari, mama, kuna kesi ya dereva. Wewe kaa hapo barazani usubiri. Akasema haya, baba. Akakaa kwenye benchi, upande wa kivuli.

Nisimame kidogo kuwaambia juu ya Bakari, kwa sababu wengi walimlaumu na mimi simlaumu. Alikuwa mtu mzima wa miaka arobaini na kitu, hajawahi kuingia mahakamani maisha yake yote. Alichokijua yeye ni baraza la kijiji. Kule kwao, shauri likifika kwa mwenyekiti, anayebisha ndiye anayechelewesha watu mashambani. Anayesema nimekosa, naomba radhi, anapewa karipio, chai inachemshwa, na kila mtu anaondoka na chake. Kukiri ni adabu. Tena kwa Bakari ilikuwa na heshima ya ziada: mama aliyemwamini na gari la marehemu asisumbuliwe kwa kosa la dereva. Alipanga alibebe yeye, liishe, warudi Mnyambe.

Nikaita jina lake. Akaingia. Shtaka likasomwa: kusafirisha madini ya ujenzi bila kuwa na kibali. Akaulizwa kama ni kweli au si kweli. Akasema ni kweli. Na kwa jinsi shtaka lilivyoandikwa, ilikuwa kweli, kibali hakuwa nacho. Mwendesha mashtaka akasoma maelezo, Bakari akakubali kila mstari kwa kuinamisha kichwa, hakimu akamwambia ajibu kwa mdomo, akajibu. Akatiwa hatiani. Akapewa nafasi ya kujitetea juu ya adhabu. Maneno yake niliyasikia kwa masikio yangu na yamo kwenye mwenendo wa kesi:

"Mheshimiwa, nimekosa. Naomba mnisamehe, ili tuondoke na gari yetu."

Akapigwa faini. Kisha mwendesha mashtaka akasimama tena, akaomba lori na mchanga vitaifishwe kuwa mali ya serikali. Hakimu, kijana mwadilifu ambaye sikuwahi kumwona akipokea hata pipi, akatazama saa, akatazama rundo la majalada mezani, akamuuliza Bakari kama ana la kusema. Bakari hakujua kutaifishwa ni nini. Akasema hana.

Mimi nilijua. Nilikuwa nimesimama hatua tatu kutoka mezani pa hakimu, na kupitia mlangoni nilimwona Mama Somoe kwenye benchi, amekaa vile vile. Nilijua kabisa kwamba kabla ya gari la mtu kuchukuliwa, mwenye gari asiyeshtakiwa anapaswa kuitwa na kusikilizwa, aseme kama alijua, kama aliruhusu, kwa nini lisichukuliwe. Nilikuwa nimeshayaona maagizo hayo kwenye hukumu za Mahakama Kuu nilizozishona mwenyewe. Ningeweza kuinama na kumnong'oneza hakimu maneno manne: mwenye gari amekaa nje. Nikajiambia sijaulizwa. Nikajiambia mheshimiwa anajua kazi yake, na kesi kumi na sita zinasubiri. Huku nikijiambia hivyo tukatazamana na Mama Somoe, yeye nje na mimi ndani, nikageuza uso kwenye majalada. Amri ikaandikwa. Yote hayakufika dakika kumi na tano.

Nilipotoka kwenda masjala Mama Somoe alisimama. Bakari alikuwa anapitishwa na askari kwenda kulipia faini, akitabasamu, akimwonyesha kidole gumba. Mama Somoe naye akanitabasamia, akauliza funguo za gari zinachukuliwa wapi. Nikamwambia. Sikumbuki maneno niliyotumia kumweleza kwamba gari limechukuliwa, nakumbuka kwamba nilirudia mara mbili. Akafungua mkoba, akatoa ile stakabadhi, ameikunja ndani ya mfuko wa nailoni isije ikalowa, akaniwekea mkononi.

"Mbona hii hawajaiulizia?" akasema.

Niliisoma. Namba ya gari ilikuwa ile ile. Tarehe ilikuwa sawa, leseni ya machimbo ipo, muhuri upo. Nimesoma karatasi nyingi maishani, za mauaji na za mirathi, hakuna iliyonichoma namna ile. Nikamrudishia. Kisha nikafanya jambo ambalo Mzee Kornelio, Mungu amrehemu, asingelikubali. Nikamwambia aende kwa wakili leo hii, si kesho, na akifika aseme neno moja, mapitio. Nikamwandikia neno hilo nyuma ya karatasi ya kalenda ili asilisahau njiani.

Hapo ndipo kuna somo la kazi, vijana. Mshtakiwa asiyeridhika anakata rufaa. Lakini Mama Somoe hakuwa mshtakiwa, jina lake halikuwamo popote kwenye kesi iliyochukua gari lake. Mtu wa namna hiyo mlango wake ni mapitio: anaiomba Mahakama Kuu iitazame kumbukumbu ya mahakama ya chini na kuona kama kuna kasoro. Anaomba pia utekelezaji usimamishwe, kwa sababu lori likishapigwa mnada hata ukishinda unashinda hewani. Na vyote hivyo vina siku zake, zinahesabika, na vyote vinasubiri kitu kimoja kinachotoka kwenu: nakala ya mwenendo na ya amri. Nimeona watu wenye haki wakipitwa na muda kwa sababu karani alikuwa hajapata wino. Nakala za Mama Somoe nilizichapa jioni ile ile, nikazilinganisha neno kwa neno, hakimu akazisaini kesho yake asubuhi. Aliposoma yale maneno ya Bakari kuhusu gari yetu, aliniuliza hilo gari lilikuwa la nani. Nikamwambia mwenyewe alikuwa amekaa nje. Hakunifokea. Alisema tu, "Na wewe ulikuwa unajua?" Nikasema ndiyo. Akasaini.

Wakili alikuwa binti wa Masasi mwenye mkoba wa kompyuta mgongoni, anayezungumza haraka kuliko mtu anavyoweza kuandika. Aliingiza maombi kwenye mfumo wa mahakama wa mtandaoni siku chache tu baadaye akiwa ameketi kwenye duka la kuchapia nyaraka, na akapata amri ya kuzuia mnada. Mimi nilisafirisha jalada hadi Mahakama Kuu, Mtwara, nikiwa nimelishona kwa uzi mara mbili, ingawa siku hizi mnasema kila kitu kiko kwenye mtandao. Mtandao ulikatika wiki ile. Uzi haukukatika.

Tukasubiri. Mvua zikaja, kisima cha Mnyambe kikiwa shimo tupu lenye kuta za udongo, na maji yakapita juu yake yakaenda zake bondeni. Mchanga ulibaki ndani ya lori uani kwetu, kwa sababu nao ulikuwa umetaifishwa na hakuna aliyethubutu kuushusha. Ukaota majani. Kuku wa mlinzi wakalihamia hilo pia. Kila mwezi Mama Somoe alikuja, analizunguka lori, anayang'oa majani yaliyofika mlangoni, anapita dirishani kuuliza kama kuna habari, na kila mara nilisema bado. Kule kwao watu walirudi kuteka maji kwa ndoo kichwani na kwa baiskeli. Bakari alikwenda kupalilia mashamba ya watu. Aliniambia aibu yake si ya kutiwa hatiani, ni ya kumwona mama akipanda pikipiki ya kukodi kuja kulitazama gari lake.

Mimi nilianza desturi mpya wiki iliyofuata ile Jumatatu. Kesi yoyote yenye chombo cha usafiri, kabla sijaita jina la mshtakiwa, nilitoka barazani, nikauliza kwa sauti: mwenye gari yupo? Mwenye pikipiki yupo? Akiwapo nilimwandika kwenye kipande cha karatasi, nikakibana juu ya jalada, hakimu akakiona kabla ya kitu kingine chochote. Hakuna sheria iliyonikataza. Hakimu wetu alikizoea kile kikaratasi, kikikosekana ananiuliza kiko wapi. Watu kadhaa waliingia ndani wakasikilizwa kwa ajili ya kikaratasi hicho, wengine wakaondoka na vyombo vyao, wengine wakabainika ndio waliokuwa wakubwa wa biashara yenyewe, wakanyang'anywa kwa haki. Nilijisikia vizuri. Nakiri niliona kama nimeshalipa.

Uamuzi wa Mtwara ulifika baada ya miezi minane. Jaji aliandika kurasa chache, kwa lugha isiyo na ukali. Alisema mtu hawezi kunyang'anywa mali yake katika shauri ambalo hakuitwa, akafuta amri ya kutaifisha, akarudisha jalada ili mwenye gari asikilizwe. Hakimu wetu alilipangia siku ya karibu kabisa. Safari hii nilitoka barazani, nikamwita kwa jina lake kamili na la baba yake. Akaingia, akaapa, akatoa stakabadhi kwenye mfuko wa nailoni. Mwendesha mashtaka akaisoma, akaigeuza nyuma na mbele, akasema upande wake hauna pingamizi. Hakimu akaamuru arudishiwe lori na mchanga wake, kisha akafanya jambo ambalo sikuwahi kuliona: akafunga kalamu na kumwambia pole. Kuhusu faini, wakili alitaka kumwombea Bakari naye, lakini Bakari alikataa. Alisema yeye alishasema nimekosa, hawezi kwenda Mtwara kusema hakukosa.

Siku ya makabidhiano Bakari alikuja na betri mpya na pampu ya miguu. Ilimchukua nusu siku. Kuku walifukuzwa, na mlinzi alidai mayai saba. Mama Somoe alikuja dirishani kwangu kutia saini kwenye kitabu cha vielelezo, na masjala ilikuwa na sisi wawili tu.

Nilikuwa nimebakiza mwaka mmoja nistaafu, na nilitaka kuondoka nikiwa mwepesi. Nikamwambia mama, kuna jambo. Nikamweleza kwamba siku ile ya kwanza nilijua anapaswa kuitwa, na nilimwona pale kwenye benchi, na sikusema. Nikamwambia miezi yote minane, kisima, maji ya Mnyambe, vyote vilikaa juu ya maneno manne ambayo niliyameza. Niliyasema hayo nikitazama kitabu. Nilitegemea alie, au anitukane, na nilikuwa nimejiandaa kwa yote mawili. Nilikuwa nimejiandaa pia kumweleza kuhusu kile kikaratasi changu.

Aliiweka kalamu juu ya kitabu. Kisha akasema bila kupandisha sauti:

"Najua uliniona, baba. Ndiyo maana sikuinuka. Tulipotazamana nikasema moyoni, basi, jambo likiwa langu yule karani ataniita."

Nikamwonyesha mstari wake kwenye kitabu, akatia saini.